Kijiji cha Ngwe: Habari za Laxton, Uingereza

Katika jimbo la Nottinghamshire, katikati ya Uingereza, kiko kijiji kidogo cha wakulima kiitwacho Laxton. Hakina kiwanda wala soko kubwa. Mtu aingiapo kwa mara ya kwanza huona kanisa la mawe, barabara kuu moja, nyumba za matofali mekundu na nyumba ya pombe iitwayo Dovecote Inn. Hayo yote aweza kuyaona katika vijiji mia vingine vya nchi ile. Walakini kila mwaka wageni hufunga safari kwenda Laxton, na wanaloliendea ni mashamba yake. Kwa maana hapo ndipo pamebaki desturi ya kale ya kulima pamoja katika mashamba yasiyo na ua, na hapo ndipo lilipo baraza la wakulima lenye mamlaka juu ya mashamba hayo hata leo.

Ngwe ni nini

Mkulima wa pwani ajua maana ya ngwe: ni kipande cha shamba anachopimiwa mtu akilime. Zamani, katika sehemu kubwa ya Uingereza ya kati, nchi yote ya kilimo iligawanywa kwa namna inayofanana na hiyo. Kila kijiji kilikuwa na mashamba makubwa mawili, matatu au manne, na kila shamba lilikuwa na mamia ya ngwe, nyembamba na ndefu, zilizolala sambamba kama mistari ya daftari. Hapakuwa na ua kati ya ngwe na ngwe. Alama ya mpaka ilikuwa ni mfereji mdogo uliochimbwa na plau, au kigingi kilichopigwa mwishoni.

Ngwe za mtu mmoja hazikuwa mahali pamoja. Mkulima aliweza kuwa na ngwe moja karibu na mto, nyingine juu ya kilima, ya tatu mwisho wa kijiji, na kati yake zikawamo ngwe za jirani zake. Wenye elimu wametoa sababu nyingi za jambo hili, na mbili hutajwa sana. Ya kwanza ni haki: kila mtu apate fungu lake la udongo mwema na fungu lake la udongo mbaya. Mwaka wa mvua nyingi bonde hufurika, na mwaka wa jua kilima hukauka. Basi mwenye ngwe huku na huku hakosi kabisa chakula. Ya pili ni plau. Udongo wa Laxton ni wa mfinyanzi mzito, na plau ya zamani ilivutwa na jozi kadhaa za ng'ombe. Kuwageuza ng'ombe wengi ni kazi ngumu, kwa hiyo ilikuwa afadhali kwenda mbele mwendo mrefu kabla ya kugeuka. Ndiyo sababu ngwe ilikuwa ndefu, wala haikuwa pana.

Hata kipimo cha ekari, ambacho wakulima na makarani wa Afrika ya Mashariki wamekitumia tangu siku za Waingereza, kina asili yake katika mashamba ya namna hii. Ekari ilihesabiwa kuwa ni kazi ya plau ya ng'ombe kwa siku moja. Urefu wake ulikuwa yadi 220, nao ndio urefu wa mfuo mmoja wa plau, na upana wake yadi 22. Jumla yadi za mraba 4,840. Kwa hiyo mtu apimaye shamba lake huko Nyeri au Kitale kwa ekari anatumia kipimo kilichoachwa na ng'ombe wa Kiingereza waliokufa karne nyingi zilizopita.

Sheria ya miaka mitatu

Laxton ina mashamba makubwa matatu yaliyobaki: West Field, South Field na Mill Field, ambalo jina lake ni ukumbusho wa kinu cha upepo kilichosaga nafaka za kijiji. Mashamba haya hulimwa kwa zamu ya miaka mitatu. Mwaka wa kwanza shamba zima hupandwa ngano, mbegu zikitiwa kabla ya majira ya baridi. Mwaka wa pili hupandwa mazao ya majira ya kuchipua, kama vile shayiri, au jamii ya maharagwe na njegere. Mwaka wa tatu shamba hupumzishwa, lipate nguvu. Na siku hizi huachiwa au hupandiwa majani ya malisho. Yanapozunguka hivi, kila mwaka shamba moja lina ngano, moja lina mazao ya pili, na moja limelala.

Jambo la kuangalia ni kwamba mkulima mmoja hawezi kuigeuza zamu hiyo kwa matakwa yake. Zamani, mavuno yakiisha, mifugo ya kijiji iliingizwa shambani kula mabua na kuacha samadi. Kama mtu mmoja angepanda wakati usio wake, ng'ombe wa wote wangeingia katika mazao yake, au mazao yake yangewanyima wote malisho. Kwa hiyo kulima kwa ngwe kulihitaji makubaliano, na makubaliano yalihitaji baraza.

Kati ya mashamba hayo pana mabonde membamba na miteremko mikali ambayo plau haikuweza kuipita. Sehemu hizo huitwa sykes. Hazijalimwa kamwe, ni majani matupu na maua ya porini, na majani yake huuzwa kwa mnada kila mwaka, anayenunua ayakate na kuyakausha kwa chakula cha mifugo. Kwa kuwa jembe halikuzigusa, sykes zimehifadhi mimea ambayo imekwisha toweka katika mashamba mengi ya nchi ile, na Serikali imeziweka chini ya ulinzi.

Ajabu nyingine ni nyumba za wakulima. Mahali pengi katika Uingereza mkulima hukaa peke yake katikati ya shamba lake. Katika Laxton nyumba zao zote zimepangana kijijini, nyingine zikielekeza ubavu wake barabarani, na nyuma yake kuna ua wa mifugo na ghala. Sababu yake yaeleweka: mtu ambaye ngwe zake zimetapanyika pande zote hana shamba moja la kukaa katikati yake. Mahali pa katikati ni kijiji.

Ngome, kanisa na daftari

Kijiji ni cha kale. Wanormani walipoishinda Uingereza mwaka 1066, Mfalme William aliamuru nchi yote iandikwe, na jina la Laxton limo katika daftari lile kuu la mwaka 1086. Kaskazini ya kijiji Wanormani walijenga ngome juu ya kilima cha udongo kilichorundikwa kwa mikono ya watu. Mabwana wa ngome hiyo walikabidhiwa ulinzi wa msitu wa Sherwood, uliokuwa msitu wa mfalme wa kuwinda. Leo kuta hazipo tena, bali kilima na mahandaki yake yaonekana wazi. Katika kanisa la Mtakatifu Michael zimo sanamu za kaburini za ukoo wa Everingham, waliokuwa mabwana wa mahali hapo. Na miongoni mwake imo sanamu ya mwanamke iliyochongwa kwa mti, ambayo ni kitu adimu kwa kuwa sanamu za namna hiyo nyingi ziliharibika au zilichomwa.

Lakini hazina kubwa ya Laxton ni karatasi. Mwaka 1635 bwana wa ardhi alikuwa Sir William Courten, mfanya biashara wa London. Alimwita mpima ardhi aitwaye Mark Pierce, akamwagiza akipime kijiji chote. Pierce akafanya kazi ambayo hata karani mwangalifu wa leo angeistahi. Aliandika kila ngwe, ukubwa wake, mahali ilipo na jina la mtu ailimaye, na pamoja na daftari hilo akachora ramani kubwa. Ngwe zilizochorwa ni zaidi ya 2,000. Tena aliitia ramani uhai: wamo watu wadogo wanaolima kwa plau, wanaovuna, na mifugo inayolisha. Ramani hiyo imehifadhiwa katika maktaba ya Bodleian, katika mji wa Oxford.

Wahenga walisema kwamba mali bila daftari huisha bila habari. Wakulima wa mwaka 1635 walikuwa watu wadogo, wapangaji wa bwana, na wengi wao hawakujua kusoma. Lakini kwa sababu ya daftari lile majina yao yamesalia, pamoja na kila kipande walichokilima. Wajukuu wa watu wa vijiji jirani hawana ukumbusho kama huo.

Siku za ua

Desturi ya ngwe haikufa yenyewe katika Uingereza, iliondolewa. Tangu karne ya 16, na zaidi katika karne ya 18 na ya 19, wenye ardhi kubwa walitaka ngwe zikusanywe, kila mtu apewe fungu lake mahali pamoja, na fungu lizungushiwe ua wa miti. Kati ya miaka 1604 na 1914 Bunge lilipitisha Sheria zaidi ya 5,000 za namna hiyo, na ekari zipatazo milioni saba zilitiwa ua.

Faida yake ilikuwa kubwa. Mwenye shamba moja lenye ua aliweza kupanda alichotaka, kuzalisha mifugo bora bila ya kuchanganyika na mifugo ya wengine, na kuchimba mifereji ya kutoa maji. Hakupoteza tena saa za kutembea toka ngwe moja hata nyingine. Mavuno ya nchi yaliongezeka, nayo miji ikapata chakula.

Lakini hasara nayo ilikuwako, na haikuwaangukia wote kwa usawa. Katika kijiji cha zamani, maskini asiye na ardhi aliweza kuwa na ng'ombe mmoja au bata wachache, akawalisha katika malisho ya wote, na akaokota kuni. Haki hiyo mara nyingi ilikuwa ya desturi tu, haikuandikwa popote. Wapimaji walipokuja kugawa, walimwuliza kila mtu hati yake. Asiye na hati hakupata kitu. Na mwenye fungu dogo, hata akilipata, alitakiwa kulipa gharama za upimaji na za kulizungushia ua, akashindwa, akauza. Watu wa namna hiyo wakawa vibarua, au wakahamia mijini kutafuta kazi za viwanda.

Kwa nini Laxton ilipona? Wala si kwa sababu watu wake walikuwa mashujaa kuliko wengine, au mabwana wake wema kuliko wengine. Sehemu kubwa ya ardhi ya kijiji, iliyozidi ekari 3,000, ilitiwa ua kidogo kidogo kama kwingineko. Lakini kazi haikumalizika. Ardhi ilikuwa imechanganyika mikononi mwa mabwana wakubwa wawili, ukoo wa Pierrepont, ambao baadaye walipata cheo cha Earl Manvers, na Earl wa Scarbrough. Ili kuigawa, ilipasa kwanza wabadilishane ngwe, na mashauri hayo yalikwenda polepole mno. Gharama nazo zilikuwa kubwa. Mwaka ukapita, na karne ikapita, mpaka hamu ya kutia ua ikapoa. Mwanzoni mwa karne ya 20 Earl Manvers aliziunganisha ngwe nyingi ziwe chache na pana zaidi, kusudi zilimike kwa urahisi, lakini mashamba yenyewe aliyaacha wazi. Yaliyobaki ni kiasi cha ekari 480.

Mwaka 1938 mtaalamu wa kilimo wa Oxford, C. S. Orwin, pamoja na mkewe, walitoa kitabu kilichoeleza mashamba haya na ramani ya 1635, na watu wengi wakafahamu kwa mara ya kwanza kwamba kitu cha ajabu kimesalia. Mwaka 1952 Earl Manvers alipoamua kuuza, Wizara ya Kilimo ya Uingereza ikanunua, ili desturi isipotee.

Hapo msomaji wa Kenya ataona jambo la kufikirisha. Mwaka huo huo wa 1952 Serikali ya kikoloni ilitangaza hali ya hatari katika Kenya, na mwaka 1954 ukatolewa mpango wa kilimo uliopewa jina la R. J. M. Swynnerton. Mpango huo ulitaka vipande vya mashamba vilivyotapanyika, hasa katika nchi ya Wakikuyu, vikusanywe, vipimwe, na kila mtu apewe hati ya shamba moja. Hoja zake zilikuwa ni zile zile zilizosemwa Uingereza katika siku za ua: kupoteza wakati njiani, mabishano ya mipaka, ugumu wa kupanda mazao ya biashara. Na matokeo yake yalifanana pia. Wengi walipanda kahawa na majani ya chai, wakafuga ng'ombe wa maziwa na kusomesha watoto. Wengine walikuwa kizuizini wakati mashamba yalipopimwa, au walikuwa wakilima kwa hisani ya ndugu pasipo hati, nao wakarudi wakakuta mahali pao hapapo. Hivyo Serikali moja ya London ilinunua vipande vya Laxton ivihifadhi, na wakati ule ule ikavikusanya vipande vya Nyeri, Kiambu na Murang'a iviondoe.

Siku ya wazee kumi na wawili

Baraza la Laxton huitwa Court Leet. Zamani mabaraza ya namna hii yalikuwako katika vijiji vingi vya Uingereza. Mashamba ya wazi yalipokwisha, mabaraza yakakosa kazi, yakawa jina tu. Mwaka 1977 Bunge lilipoondoa mamlaka ya mabaraza hayo ya kale, la Laxton liliachwa na mamlaka yake juu ya mashamba, kwa kuwa lilikuwa bado linafanya kazi iliyoliundia.

Desturi yake ni hii. Mwishoni mwa Novemba, ngano ikiwa imekwisha pandwa, wazee 12 walioapishwa hutoka kwenda kulikagua shamba la ngano. Ni wakulima wenyewe, nao huongozwa na mmoja wao. Huchukua vigingi na nyundo. Hutembea mwisho wa kila ngwe, katika matope na upepo wa baridi, wakitazama kama mtu amelima akapita mpaka wake, akala njia ya wote au akaingia katika sykes. Mahali ambapo mpaka umefifia hushauriana, na wakikubaliana hupiga kigingi kipya. Aliyevuka huandikwa jina lake. Kazi ikiisha hurudi kijijini kula pamoja.

Baada ya juma moja baraza hukutana katika Dovecote Inn. Mwenye kiti ni mwanasheria aliyewekwa na mwenye ardhi. Tarishi wa baraza hutangaza kwa sauti kuu kwamba baraza limefunguliwa, na majina ya watu wanaopaswa kuhudhuria husomwa. Asiyefika bila ya udhuru hutozwa faini ya senti chache. Kisha wazee hueleza waliyoyaona, na aliyevuka mpaka hutozwa faini. Fedha zenyewe ni kidogo, hazimfilisi mtu. Uzito wa hukumu uko mahali pengine. Aliyehukumiwa amehukumiwa na jirani zake, mbele ya jirani zake, na kesho atakutana nao tena shambani, ngwe yake ikiwa kati ya ngwe zao. Wala hawezi kusema kwamba wahukumu hawajui kilimo, au kwamba hawakufika kuuona mpaka kwa macho yao.

Mahali pengi duniani kesi ya mpaka huchukua miaka, hugharimu fedha kuliko thamani ya ardhi inayogombaniwa, na huacha uadui hata kwa wajukuu. Laxton kesi kama hiyo huangaliwa kila mwaka kabla haijawa kubwa.

Hali ya sasa

Mwaka 1981 Wizara ilikiuza kijiji kwa Crown Estate, idara inayosimamia ardhi ya Ufalme, kwa sharti la kuitunza desturi. Mwaka 2020 kikauzwa tena, safari hii kwa Thoresby Estate, ambayo ni milki ya jamaa wa wale wale Pierrepont waliokuwa mabwana zamani. Hivyo kijiji kimerudi mahali kilipotoka.

Matatizo hayakosekani. Wakulima wamepungua. Mashine za leo ni pana, nazo hazipendi ngwe nyembamba. Ekari chache haziwezi kumlisha mtu na jamaa yake kwa bei za sasa, na baadhi ya nyumba za kijiji zimekaliwa na watu waendao kazini mijini. Mkulima wa Laxton hulima ngwe pamoja na mashamba mengine yenye ua, na ngwe peke yake zisingemtosha. Fedha na sheria zaweza kuulinda udongo na ramani. Hazina uwezo wa kumpata kijana wa kutembea shambani katika baridi ya Novemba akiwa na nyundo mkononi. Huyo lazima azaliwe au aje, naye lazima apende.

Hata hivyo, kila mwaka kazi ya mwisho ya baraza ni moja. Wazee waliomaliza kazi huwekwa kando, na wengine 12 huitwa na kuapishwa. Hao wapya hawalikagui shamba lililopandwa ngano mwaka ule. Wameapishwa kwa ajili ya shamba la zamu ijayo, ambalo siku ile halijapandwa ngano bado.